Mvua ya Istanbul Yatuhusu Nini?

Mwishoni mwa semina ya Alhamisi, wanafunzi walipokuwa wakikusanya madaftari yao, binti mmoja wa mwaka wa tatu alibaki amekaa. Wiki hiyo tulikuwa tukiwasoma washairi wa Kituruki wa karne ya ishirini, na kwa saa mbili nzima nilikuwa nimezungumzia mvua: mvua juu ya vivuko vya Bosporus, mvua katika mitaa ya Ankara, mvua kwenye dirisha la mtu anayemngoja asiyekuja. Wenzake walipotoka akaniambia, bila ukali wowote, "Mwalimu, kaka yangu yuko rumande mwezi wa tatu sasa. Kila tukienda kesi inaahirishwa. Nikitoka hapa naenda kupanga foleni ya kumpelekea chakula. Hii mvua ya watu wa Istanbul inanihusu nini?"

Nilimjibu vibaya. Nilisema yale ambayo sisi walimu wa fasihi husema tukibanwa: kwamba sanaa hupanua moyo, kwamba maumivu ya wanadamu ni mamoja. Alinisikiliza kwa adabu, akasema "Asante, Mwalimu," akaondoka. Jibu lile limenikera kwa majuma kadhaa, kwa kuwa lilikuwa la kivivu, na zaidi kwa kuwa halikuwa la kweli. Makala haya ni jaribio langu la pili.

Nianze kwa kukiri kwamba swali lake lilikuwa langu kabla halijawa lake. Nimelelewa katika uhakiki unaoiuliza kila kazi ya fasihi iko upande wa nani, na sijutii malezi hayo. Nilipofika Istanbul kukusanya data ya tasnifu yangu ya uzamivu, mkobani nilikuwa na orodha ya washairi wa mapambano peke yao. Wale wa mvua na upweke niliwaachia wapenzi na wauza kadi. Kilichonibadilisha hakikuwa nadharia. Ilikuwa foleni ya kibali cha ukaazi, mwezi Desemba, nje ya ofisi moja ambayo haina haja ya kutajwa. Tulifika alfajiri, mlango ukafunguliwa kwa kuchelewa, na mvua ikanyesha muda wote. Mvua ya Istanbul si masika. Haimwagiki kwa kishindo kisha jua likawaka. Huanza majani yanapopukutika na kuendelea kipindi chote cha baridi, nyembamba, ya mshazari, ikisukumwa na upepo wa kaskazini-mashariki ambao wenyeji huuita poyraz. Mbele yangu alikuwa kijana wa Kisomali, nyuma yangu mama wa Kisiria na watoto wawili. Lugha yetu ya pamoja ilikuwa Kituruki kibovu. Saa nane mchana nikaambiwa kwamba karatasi moja imekosekana, nirudi wiki ijayo. Yule Msomali akacheka, akatamka neno moja tu: garip.

Neno hilo halikuhitaji kamusi. Kituruki na Kiswahili hazina nasaba moja, lakini zote mbili zilichota kutoka kisima kimoja cha Kiarabu, na msomaji wetu akishavuka kizingiti cha matamshi atakutana na jamaa wengi. Garip ni gharibu wetu yule yule wa tungo za kale, mgeni asiye na ndugu wala wa kumtetea. Hali yenyewe ya kuishi mbali na kwenu huitwa gurbet. Mkulima wa Anatolia mvua ikinyesha husema rahmet inashuka, nasi twasema mvua ya rehema, na ukame ukizidi watu wa kule hutoka uwanjani kuomba dua ya mvua kama Waislamu wa pwani yetu wanavyotoka kuswali kuiomba. Neno la hamu ya aliye mbali ni hasret, na kwa hilo sidhani kama tuna neno moja la kulitosha. Limo hamu, limo majonzi, tena limo kitu kama majuto, kana kwamba anayemkumbuka mwenzake anajilaumu kwa umbali ulio kati yao.

Kwa hiyo mvua, katika tabaka la chini kabisa la lugha hiyo, ni neema. Tabaka hilo halijafutika. Nurullah Genç, mshairi ambaye pia ni mwalimu wa chuo kikuu, ana shairi mashuhuri la kumsifu Mtume ambalo jina lake ni Yağmur, yaani Mvua, na yeyote aliyekulia katika maulidi na kasida za pwani ataelewa mara moja kwa nini. Lakini watu walipohamia mjini, mvua ilibadilika nao. Katika kijiji humnyeshea kila mtu pamoja na shamba lake. Katika mji mkubwa humkuta mtu mmoja barabarani, usiku, hana shamba na hana anayemngoja. Mwaka 1928 Necip Fazıl Kısakürek, akiwa kijana wa miaka 24, alitoa kitabu kiitwacho Kaldırımlar, njia za waendao kwa miguu, na tangu hapo mtembezi wa peke yake katika mitaa ya usiku ni mkaazi wa kudumu wa ushairi wa Kituruki. Kısakürek baadaye alikuwa sauti kuu ya siasa za kidini, na Rais Erdoğan ni miongoni mwa wanaomsoma hadharani. Nalitaja hili mapema ili asije mtu akadhani kwamba upweke ni mali ya chama fulani.

Sasa nije kwa mshairi wa mvua hasa. Attilâ İlhan alizaliwa mwaka 1925. Mwaka 1941, akiwa mwanafunzi wa sekondari mjini İzmir, umri wake miaka 16, alimwandikia barua msichana aliyempenda na ndani yake akanakili shairi. Shairi lilikuwa la Nâzım Hikmet, mkomunisti aliyekuwa gerezani. Barua ikanaswa. Kijana akakamatwa, akawekwa ndani, akafukuzwa shule, kisha akapewa hati isemayo kwamba hana ruhusa ya kusoma popote nchini Uturuki. Ilimchukua hadi mwaka 1944, kwa uamuzi wa mahakama ya juu ya masuala ya utawala, kurudishiwa haki ya kukaa darasani.

Tafakari jambo hilo kidogo, msomaji. Ile haikuwa ilani. Haikuwa kipeperushi. Ilikuwa barua ya mapenzi ya mtoto wa shule. Dola iliifungua na kuiona hatari, na nathubutu kusema kwamba dola, kwa ukatili wake wote, ilisoma vizuri kuliko baadhi yetu wahakiki. Ilijua kwamba mtu anayemlilia aliyeko mbali anaweza, wakati wowote, kuuliza nani aliyemweka mbali.

Mwaka 1955 İlhan alichapisha kitabu kiitwacho Yağmur Kaçağı. Yağmur ni mvua. Kaçak ni mtoro, mtu anayekimbia sheria, na pia ni bidhaa ya magendo. Wasomaji wengi wa Kituruki, hata leo, huwaza kitabu hicho kama kitabu cha mapenzi, na mapenzi yamo tele: bandari, taa za meli, wanawake wenye majina ya kigeni, Paris alikoishi kwa vipindi. Lakini mtu anayetembea katika mvua yake daima hutazama nyuma. Hana anwani. Anapenda upesi kwa sababu hajui kesho atalala wapi. Nikiisoma mvua hiyo bila ile hati ya mwaka 1941 naiona nzuri. Nikiisoma pamoja na hati hiyo naiona ni hali ya hewa ya nchi ambayo barua hufunguliwa kabla hazijafika.

Na huyo Nâzım Hikmet, aliyesababisha kijana afukuzwe shule bila yeye mwenyewe kujua? Mwaka 1938 mahakama za kijeshi zilimhukumu kifungo cha zaidi ya miaka 28, ushahidi mkubwa ukiwa kwamba wanafunzi wa jeshi walikutwa wakisoma vitabu vyake. Vitabu hivyo vilikuwa vikiuzwa madukani kihalali. Sehemu kubwa ya kifungo aliitumikia Bursa. Huko, majira ya kupukutika majani ya mwaka 1945, aliandika mfululizo wa tungo kwa mkewe Piraye ambao jina lake ni saa tu: kuanzia saa tatu usiku hadi saa nne. Alikuwa amemwahidi kwamba saa hiyo, kila usiku, ni yake peke yake. Waliokosa mahali pa kukutana wakajipatia wakati wa kukutana. Sijui mfano mwingine unaoonyesha waziwazi zaidi namna hamu inavyofanya kazi, kwa maana halisi ya neno kazi: ina saa ya kuanza, ina nidhamu, ina kinachozalishwa. Wasomaji wa Abdilatif Abdalla, aliyefungwa Kenya kwa sababu ya waraka wa Kenya: Twendapi? na akatunga Sauti ya Dhiki akiwa kifungoni, hawatashangaa. Wanajua tayari kwamba gereza hutaka mtu azungumze peke yake hadi asahau wengine, na kwamba mshairi huyageuza mazungumzo hayo kuwa barua.

Lakini tusimfanye walii. Alipotoka mwaka 1950, baada ya mgomo wa kula na msamaha wa jumla, Nâzım hakurudi kwa Piraye. Alikuwa amempenda mwanamke mwingine, Münevver. Mwaka uliofuata alitoroka kwa mashua kupitia Bahari Nyeusi, akimwacha Münevver na mtoto mchanga, na serikali ikamvua uraia. Alifia Moscow mwaka 1963. Uturuki ilimrudishia uraia mwaka 2009, miaka 46 baada ya kuzikwa ugenini. Piraye, aliyekuwa akingoja upande wa pili wa ukuta, ndiye aliyezitunza barua na tungo hizo. Kila ninapofundisha mada hii nawakumbusha wanafunzi wangu wa kiume kwamba hamu ya mfungwa husifiwa kwa beti, na hamu ya anayemngoja aghalabu hufua nguo na kulipa kodi ya nyumba. Nitalirudia jambo hili.

Sasa nifike kwenye ugomvi ambao kwa kweli ndio ulionifanya niandike, maana unafanana mno na mjadala wetu sisi wenyewe kuhusu fasihi yenye manufaa na fasihi ya anasa.

Katikati ya miaka ya 1950, chini ya utawala wa Adnan Menderes, ulioingia kwa kura na ahadi za uhuru kisha ukaanza kuwafunga waandishi wa habari, lilitokea kundi la washairi vijana ambao hawakuandika ilani ya pamoja wala hawakukubaliana sana: Cemal Süreya, Turgut Uyar, Edip Cansever, Ece Ayhan, İlhan Berk, Sezai Karakoç. Mhakiki Muzaffer Erdost aliwaita İkinci Yeni, Upya wa Pili, mwaka 1956. Upya wa kwanza ulikuwa ule wa akina Orhan Veli mwaka 1941, waliojiita, bila shaka umeshakisia, Garip. Wale wa kwanza waliuteremsha ushairi mtaani na kuufanya uzungumze kama watu. Hawa wa pili waliipinda lugha, wakakata sentensi mahali pasipotarajiwa, wakaandika juu ya hoteli, mwili, meza, na mtu aliyekaa peke yake.

Walishambuliwa vikali. Waliambiwa hawaeleweki. Waliambiwa wameikimbia jamii wakati jamii inabanwa, kwamba upweke wao ni kimya kilichovaa suti. Na miongoni mwa waliowashambulia kwa ukali zaidi alikuwa nani? Attilâ İlhan, mtoro wa mvua mwenyewe, ambaye aliwaona kuwa zao la woga wa zama za Menderes. Mtu aliyefungwa kwa shairi la mapenzi aliwalaumu wengine kwa kuandika upweke. Silitaji hili kwa kumdhihaki, maana ninamheshimu. Nalitaja kwa sababu linaonyesha jinsi ilivyo rahisi hata kwa mwenye kovu kusahau lilivyopatikana.

Kabla hatujakubaliana naye, tuangalie watu hawa walikuwa wakiamka asubuhi kwenda wapi. Watumishi wa umma wanaosoma safu hii, tafadhalini someni aya hii polepole. Cemal Süreya alikuwa mkaguzi katika Wizara ya Fedha, na kwa kipindi akaongoza kiwanda cha serikali cha kufua sarafu. Sezai Karakoç, mshairi wa mrengo wa kidini aliyesoma naye chuo kimoja Ankara, alikuwa mkaguzi wa fedha pia. Turgut Uyar alikuwa ofisa wa jeshi, na kituo chake cha mapema kilikuwa Posof, huko kaskazini-mashariki karibu na mpaka wa Georgia. Ece Ayhan alikuwa mkuu wa wilaya katika Anatolia. Cansever peke yake ndiye hakuwa mtu wa mafaili: aliuza vitu vya kale katika soko kuu la Istanbul, Kapalıçarşı, na huandikia darini mwa duka. Hawa hawakuikimbia dola. Walikaa ndani ya tumbo lake, wakipiga mihuri. Yeyote aliyewahi kupangiwa kituo cha kazi asikojua mtu, akafika jioni na sanduku moja, akalala katika nyumba ya wageni akisikiliza mvua juu ya bati, anajua kwamba upweke wa namna hiyo una namba ya kumbukumbu na sahihi ya mkurugenzi. Ece Ayhan alipendelea kuuita ushairi wao ushairi wa kiraia. Kiraia, yaani usiovaa sare. Kwa mtu aliyekuwa mkuu wa wilaya, huo ni ushahidi kutoka ndani.

Na Cemal Süreya alikuwa na safari nyingine nyuma yake. Alizaliwa mwaka 1931 huko Erzincan, katika familia ya Kikurdi. Mwaka 1938, baada ya operesheni za kijeshi za Dersim ambamo maelfu ya watu waliuawa, familia yake ilihamishwa kwa nguvu hadi Bilecik, magharibi ya nchi. Yeye mwenyewe alisimulia baadaye lori, askari wenye bunduki, na behewa la mizigo. Mama yake alifariki muda mfupi baada ya kufika. Mtoto alikuwa na umri wa miaka saba hivi. Alikuja kuwa mshairi mahiri kuliko wote wa mapenzi katika lugha ya Kituruki, lugha ya waliomhamisha, mcheshi, mwenye wepesi wa kuudhi, na kwa miaka mingi wasomaji wake wengi hawakujua habari za lile behewa. Ukishajua, unaona kwamba wanawake wote wa mashairi yake wanaondoka. Daima kuna mlango, kituo, au mkono unaopungwa. Wahakiki walioita jambo hili anasa ya mabepari wadogo hawakuwa na habari kwamba walikuwa wakisoma taarifa ya mtoto aliyehamishwa.

Hii ndiyo hoja yangu, na naiweka bila mapambo: upweke una aliyeutengeneza. Si daima, na si wote, maana binadamu angekuwa mpweke kidogo hata peponi. Lakini ule unaojaa katika ushairi wa nchi moja kwa miaka 60 mfululizo hautokani na hulka ya washairi. Unatokana na amri za kuhamishwa, hukumu, vituo vya kazi, mkataba wa wafanyakazi na Ujerumani wa tarehe 30 Oktoba 1961 uliojaza mabehewa ya kituo cha Sirkeci vijana wa vijijini. Mshairi anayeandika jinsi mvua inavyosikika katika chumba cha mtu mmoja anaandika matokeo ya siasa pale yanapoishia, ndani ya kifua cha mtu. Mwanasayansi ya siasa huanzia upande wa pili. Ni vyema wakutane njiani.

Nikubali pia kwamba si kila kitu cha kundi hili kinanigusa. Majaribio mengine ya lugha naona ni majigambo, na baadhi ya walevi wa Cansever hunichosha. Tena kuna lile jambo nililoahidi kulirudia. Upweke wa wanaume hawa mara nyingi unahudumiwa na mwanamke ambaye hana beti yake mwenyewe. Ndiyo maana kwangu mimi mshairi anayekamilisha hoja si miongoni mwao. Ni Gülten Akın.

Alizaliwa mwaka 1933, akasomea sheria Ankara, akaolewa na mkuu wa wilaya, na kwa miaka mingi akamfuata mumewe kutoka kituo hadi kituo: Gevaş kando ya Ziwa Van, Gerze ufukweni mwa Bahari Nyeusi, na miji midogo mingine. Alifundisha, alifanya uwakili, alilea watoto watano. Mashairi yake ya mwanzo ni ya mwanamke kijana aliyekwama, ya upepo na ukiwa. Kadiri alivyozunguka Anatolia, sauti yake ilijaa watu: maombolezo ya wanawake wa vijijini, nyimbo zao, njia zao za kusema. Kisha yakaja mapinduzi ya kijeshi ya tarehe 12 Septemba 1980. Takriban watu 650,000 walikamatwa. Mwanawe alikuwa miongoni mwa waliofungwa. Gereza la kijeshi la Mamak, Ankara, likawa jina ambalo familia zililitamka kwa sauti ya chini.

Hapa hadithi inajikunja kwa namna ambayo mtunzi wa riwaya angeiogopa. Muzaffer Erdost, yule mhakiki aliyewapa jina washairi wa upweke, alikuwa mchapishaji wa vitabu pamoja na mdogo wake İlhan. Mwezi Novemba 1980 wote wawili walipelekwa Mamak. İlhan alipigwa na askari hadi akafa. Muzaffer alinusurika, na tangu siku hizo akaliongeza jina la mdogo wake kwenye lake, akawa Muzaffer İlhan Erdost hadi kufa kwake. Mtu aliyewahi kusifia mashairi yanayodhaniwa kuikimbia jamii alimbeba marehemu katika kila sahihi aliyoweka.

Mwaka 1986 Gülten Akın alichapisha kitabu kiitwacho 42 Gün, Siku 42. Kiini chake ni mgomo wa kula wa wafungwa wa Mamak, na jina lake ni hesabu ya siku hizo. Katika kitabu hicho hamu si ya mfungwa peke yake. Aliyeko nje, mama, mke, dada, naye amepewa sauti. Nâzım alituonyesha saa tatu usiku kutoka ndani ya gereza, na Akın akatuonyesha saa hiyo hiyo kutoka nyumbani.

Miaka mingi baadaye, tangu mwishoni mwa Mei 2013, maelfu ya watu walipojaa katika bustani ya Gezi na mitaa ya Istanbul, kuta za mji zilianza kuandikwa mistari ya mashairi. Haikuwa mistari ya mapambano pekee. Kwa wingi ilikuwa ya Turgut Uyar, Cemal Süreya na wenzao, wale waliotuhumiwa kwa kuikimbia jamii, iliyoandikwa kwa rangi ya kupuliza na vijana waliozaliwa baada ya mapinduzi. Mwelekeo ule ukapewa jina, ushairi uko mtaani. Mtu anaweza kusema ni mtindo tu wa vijana. Mimi naona umati ulioitambua sauti yake katika maneno ya mtu aliyeketi peke yake miaka 50 iliyopita, kwa sababu kila mmoja wao alikuwa amekuja kutoka katika chumba kama kile.

Baada ya hapo, kwa bahati mbaya, simu zikayapokea yote. Leo ukitafuta washairi hawa utakutana kwanza na picha ya kikombe cha chai, dirisha lenye matone, na mistari miwili iliyopachikwa jina la Cemal Süreya au la Can Yücel, ambayo mara nyingi hawakuiandika. Mvua imerudi kuwa pambo. Hilo ndilo linalomfanya mwanaharakati mwenye kaka rumande aone kwamba mwalimu wake anacheza, na kwa picha ile ana haki.

Nilimtafuta wiki iliyofuata. Sikumpa hotuba hii yote, nilimweleza tu habari za Gülten Akın na lango la Mamak. Alikaa kimya, kisha akaniambia jambo ambalo hakulisema darasani. Jumamosi iliyopita walinyeshewa. Akina mama wapatao 30, vyombo vya chakula mikononi, na hakuna aliyetoka kwenye foleni kujikinga kwa sababu aliyetoka angepoteza nafasi yake. Bibi mmoja akafungua khanga akaifunika vyombo, si kichwa chake. "Tulikuwa hatuzungumzi kabla ya siku hiyo, Mwalimu," alisema. "Kila mtu alikuwa na lake."

Aliniomba shairi moja la Akın kwa Kiswahili. Nilijaribu usiku huo, tafsiri yangu mwenyewe, nzito kuliko asili yake, na nikamwandikia kwa mkono. Akaisoma mbele yangu mara mbili akaikunja. Karatasi haziruhusiwi kuingia, akanieleza, kwa hiyo atalazimika kuihifadhi kichwani kabla ya Jumamosi. Alitaka kujua tu kama beti ya tatu ina lazima ya kuwa ndefu vile. Nilimwambia hapana, tukaikata pamoja.